Kujenga Simba wa Njia ya Lango la Ishtar kwa Udongo wa Uganda

Kielelezo cha Lango la Ishtar, lango la mji wa kale wa Babeli, kinachoonekana mara nyingi kwenye maonyesho ya shule ni boksi la katoni lililopakwa buluu na kubandikwa picha za simba zilizochapwa Nasser Road, mtaa wa wachapaji Kampala. Kwa mbali linapendeza. Linachokosa ni lile jambo lililoufanya ukuta wa Babeli uwe kazi ya kipekee: simba wale hawakubandikwa. Walifinyangwa ndani ya matofali yenyewe. Tofali moja lilibeba jicho, la pili kipande cha taya, la tatu kucha za mguu wa mbele, kisha kila tofali likachomwa peke yake na mwashi akalirudisha mahali pake ukutani. Anayetaka kuwaelewa wajenzi wa Babeli afanye kazi hiyo kwa mikono yake walau mara moja, na udongo wa kufanyia upo karibu kila wilaya ya Uganda.

Mwongozo huu ni wa paneli moja ya simba kwa kipimo cha robo, yaani 1:4, yenye vipande 82 vya udongo wa kuchoma. Kikundi cha watu wanne hadi sita kinaweza kuimaliza kwa wiki tano au sita, na nyingi kati ya hizo ni za kungoja udongo ukauke. Panga kazi iangukie Desemba hadi Februari au Juni hadi Agosti. Wakati wa mvua za masika udongo haukauki sawasawa, na anayewasha tanuri akiwa na matofali yenye maji moyoni atatoa vigae.

Simba yuko wapi, na anatazama wapi

Lango lilikuwa upande wa kaskazini wa mji wa ndani wa Babeli. Lililojulikana kwa matofali ya buluu ni kazi ya Mfalme Nebukadneza wa Pili, aliyetawala kuanzia 605 hadi 562 KK. Wajerumani wakiongozwa na Robert Koldewey walichimba hapo kuanzia 1899 hadi 1917, vipande vya matofali vikapelekwa Berlin, na sehemu ya mbele ya lango ikaunganishwa upya ndani ya jumba la makumbusho la Pergamon, ambako watu walianza kuitazama mwaka 1930. Ina kimo cha kama meta 14.

Sasa angalia jambo ambalo vielelezo vingi hukosea. Kwenye lango lenyewe hakuna simba. Pale kuna wanyama wa aina mbili kwa zamu: fahali wa Adad, mungu wa mvua na radi, na joka mushushu wa Marduk, mungu mkuu wa Babeli; joka hilo lina kichwa cha nyoka, miguu ya mbele ya simba, miguu ya nyuma ya ndege mwindaji na mkia wenye mwiba wa nge. Simba, mnyama wa Ishtar, mungu wa kike wa mapenzi na vita, wako kwenye kuta ndefu za njia ya maandamano inayoelekea langoni, kama 60 kila upande. Ukichora simba juu ya upinde wa lango, umeshaharibu somo.

Simba wote wanatembea kutoka langoni kwenda kaskazini, yaani wanamjia mgeni anayeingia mjini. Mgeni akielekea kusini, ukuta wa mashariki uko kushoto kwake na simba wa ukuta huo, ukimtazama uso kwa uso, anaelekea kushoto. Wa ukuta wa magharibi anaelekea kulia. Amua mapema unajenga ukuta upi, kwa sababu ukishakata matofali huwezi kumgeuza. Maelezo yanayofuata ni ya simba wa ukuta wa mashariki.

Vipimo

Paneli ya simba iliyoko Metropolitan Museum, New York, ina urefu wa sentimita 227 na kimo cha sentimita 97, na ina kozi, yaani safu, 11 za matofali. Kwa robo tunapata kama sentimita 57 kwa 24, kila kozi ikiwa na unene wa sentimita 2.2.

Hivyo ni vipimo vya baada ya kuchoma. Udongo husinyaa unapokauka na tena unapochomwa, na kila udongo una kiasi chake. Tengeneza kipande cha majaribio, chora juu yake mstari wa sentimita 10 kamili kwa msumari, kikaushe, kichome, kisha pima tena. Mstari ukibaki sentimita 9.1, udongo wako umesinyaa kwa asilimia 9. Gawa kila kipimo unachotaka kwa 0.91. Kwa udongo huo paneli mbichi itakuwa ya sentimita 63 kwa 26.4, kozi moja sentimita 2.4, tofali moja sentimita 9 za urefu. Ukipata asilimia nyingine, piga hesabu upya. Usinakili namba zetu.

Mpangilio ni huu: kozi za 1, 3, 5, 7, 9 na 11 zina matofali mazima 7 kila moja, jumla 42. Kozi tano za katikati yake zinaanza na nusu na kumalizia na nusu, matofali mazima 6 yakiwa kati, jumla vipande 40. Viungo vya kozi moja, yaani mahali tofali linapokutana na jingine, visikae juu ya viungo vya kozi ya chini, kama mwashi yeyote ajuavyo.

Udongo

Usishuke kinamasini na jembe. Maeneo oevu yanalindwa na sheria, na isitoshe udongo wa juu pale umejaa mizizi. Nunua kwa wafinyanzi au kwa wafyatua matofali, ambao wameshachagua tabaka zuri. Ukanda wa Kajjansi na Mukono unajulikana kwa udongo wa kazi hizi, lakini popote wanapofinyanga vyungu utapata unaofaa. Paneli yenyewe inakula kama kilo 11 za udongo mbichi. Tafuta kilo 16 ili ubaki na wa majaribio na wa vipande vya akiba.

Fanya majaribio matatu kabla ya kulipia mzigo mzima. La kwanza, viringisha kamba nene kama kidole kidogo na uizungushe kwenye kidole gumba. Ikipasuka vibaya, mchanga umezidi. Ikipinda bila ufa wowote na kunata mkononi kama ubani, utasinyaa sana na utahitaji kupunguzwa makali. La pili, dondosha siki juu ya udongo mkavu. Ukitoa povu, una chokaa. Chembe ya chokaa ikishachomwa hunyonya unyevu wa hewa, ikavimba na kurusha kigamba cha uso wa tofali siku kadhaa baada ya wewe kushangilia kazi. Udongo wa namna hiyo uache. La tatu ni la chumvi: kipande kilichochomwa kisimamishe kwenye kisahani cha maji siku tatu, nne. Kikitoa unga mweupe juu, chumvi ipo, na itakuja kusukuma rangi itoke. Chumvi iliwasumbua hata waliounganisha lango kule Berlin. Vipande vililowekwa majini kwanza ili itoke, ndipo vikaunganishwa.

Ponda udongo mkavu, uloweke kwenye jerikani iliyokatwa mdomo kwa siku mbili, uukoroge uwe uji mzito, uuchuje kwa wavu wa dirisha, kisha umwage juu ya gunia kivulini mpaka ushikike. Changanya na chenga za tofali lililochomwa: ponda tofali kuukuu, chekecha kwa wavu uleule, tupa vumbi laini kabisa, baki na chenga za ukubwa wa sukari. Kwa kilo 16 weka kilo 3 hadi 4 za chenga. Chenga hizi hufungua njia ya mvuke kutoka ndani ya tofali nene, na hupunguza kusinyaa. Kanda mpaka ukikata bonge kwa waya usione kitundu cha hewa, lifunge kwenye kaveera (mfuko wa plastiki), liache wiki moja. Majaribio ya kusinyaa yafanye na udongo huu uliochanganywa, maana huo ndio utakaoujenga.

Kufinyanga simba mzima

Hapa ndipo kazi ilipo, na ndipo tunapoomba uvumilivu. Usitengeneze matofali 82 halafu uanze kuchonga simba juu yake. Simba atatoka vipande vipande, mgongo ukiwa na ngazi. Anza na bamba moja.

Tandika gunia lililolowa kidogo juu ya plaiwudi, fremu ya mbao za sentimita 3 ikiwa pembeni, ndani yake sentimita 63 kwa 26.4. Jaza udongo kwa mafumba ukiyagonga kwa ngumi yashikane, kisha sawazisha kwa ubao mnyoofu unaopita juu ya fremu. Kwa msumari chora gridi yote kwa wepesi: kozi 11 na viungo vyote vya wima. Unaichora kabla ya simba kwa sababu moja: ujue viungo vitapita wapi. Jicho liangukie katikati ya tofali, siyo kwenye kiungo. Pua pia. Kiungo kikipita jichoni, milimita moja tu ya mota (mchanganyiko wa kushikiza matofali) itamfanya simba awe kengeza. Ukiona mchoro unagongana na kiungo, sogeza simba, siyo gridi.

Simba anajaza paneli. Nyayo zinakanyaga kozi ya chini kabisa, manyoya ya shingo yanafika karibu na kozi ya juu. Acha sentimita mbili au tatu mbele ya pua na kama hizo nyuma ya ncha ya mkia. Miguu yote minne inaonekana, ikiwa katika hatua. Mkia umeshuka nyuma kwa mshazari. Mdomo uko wazi na meno yanaonekana. Manyoya ya shingo yamepangwa kwa vishungi vilivyochongoka, na mstari wa manyoya unapita pia chini ya tumbo. Kabla ya kuanza tazama picha nzuri ya paneli halisi, tena mbili au tatu, maana vichwa havikuwa vyote vya kalibu moja.

Kwaruza eneo la mwili kwa uma, paka uji wa udongo, kisha ongeza udongo kidogo kidogo. Bega ndilo linalotokeza zaidi, sentimita 1.2 juu ya bamba. Paja sentimita 1, mbavu sentimita 0.7, mkia nusu sentimita. Kingo za mwili zishuke kwa mteremko mfupi, zisiingie chini kama mvungu. Penye mvungu udongo hukauka haraka kuliko bamba lililo chini yake na kuachana nalo. Vishungi vya manyoya vichonge kwa spoki ya baiskeli iliyobapwa ncha kwa nyundo. Inatoa mkato safi kuliko kijiti.

Ukimaliza, tandaza kaveera safi inayopitisha mwanga juu ya bamba na uchore kwa kalamu ya wino gridi yote na simba wote, huku ukiandika namba ya kila tofali. Kaveera hiyo ndiyo ramani yako. Tofali likivunjika tanurini, utalifinyanga upya kwa kuitazama; mtu akichanganya vipande, utaipanga kazi juu yake.

Kukata na kuweka namba

Funika bamba usiku mmoja au mbili mpaka lifike ugumu wa ngozi: ukibonyeza kwa kidole gumba halibonyei, ukikwaruza kwa kucha linakwaruzika. Likiwa laini mno, kisu kitamburuza simba. Likikauka mno, litameguka kwenye vishungi.

Kata kwa ubao wa rula na kisu chembamba, au kipande cha msumeno wa chuma pale penye bega nene. Anza na mikato mirefu ya kulala, ndipo ukate ya wima. Vuta kisu kwa mkato mmoja mrefu, usirudishe mbele na nyuma. Kisha inua tofali mojamoja na upunguze pande zake nne kuelekea nyuma, kiasi cha milimita moja na nusu kila upande, ukiacha uso wa mbele kama ulivyo. Kwa njia hiyo matofali yatakutana mbele kwa kiungo chembamba, na nyuma patabaki nafasi ya mota kushika.

Kwenye upande wa juu wa kila tofali, ule utakaofunikwa na kozi inayofuata, kwaruza namba mbili: ya kozi kutoka chini, na ya nafasi kutoka kushoto. Tofali la 7/3 ni la kozi ya saba, la tatu. Tumia msumari. Penseli na wino vitaungua. Mafundi wa Babeli nao waliweka alama kwenye upande huohuo wa juu, usioonekana baada ya kujenga, ili mwashi ajue kila tofali linakaa wapi. Bila alama hizo mamia ya simba, fahali na majoka yasingeweza kutoka tanurini na kurudi ukutani.

Kwa anayetaka simba wengi, mathalani kila darasa litoe wake, njia ya Babeli ilikuwa kalibu. Bamba likishakuwa gumu kama ngozi, mimina plasta ya Paris juu yake kwa unene wa sentimita 3, ndani ya fremu iliyopakwa sabuni, kabla ya kukata. Kalibu ikikauka wiki moja utakandamiza udongo ndani yake na kupata simba yuleyule. Hapo ndipo utaona faida ya kingo zisizo na mvungu, maana penye mvungu udongo hautoki.

Kukausha na kuchoma

Panga vipande juu ya mbao zenye nafasi, kivulini, mbali na upepo wa mlangoni. Siku nne za kwanza vifunike kwa kaveera iliyotobolewa, kisha gazeti, kisha viache wazi. Vigeuze kila siku. Tofali la bega lina sentimita zaidi ya 4, kwa hiyo hesabu wiki mbili hadi tatu. Kipimo cha mwisho ni shavu: gusisha tofali shavuni asubuhi, likiwa na ubaridi bado lina maji.

Baadhi ya sekondari na idara za sanaa za vyuo zina tanuri ya umeme. Ukipata nafasi, panda nyuzi 50 kwa saa mpaka 200 huku tundu la juu likiwa wazi, kaa hapo saa mbili, endelea kwa nyuzi 100 kwa saa mpaka 600, kisha nyuzi 150 kwa saa mpaka 950. Kaa nusu saa, zima, usifungue mpaka chini ya 100. Mwendo wa polepole mwanzoni ni kwa ajili ya mvuke. Mwendo wa taratibu karibu na nyuzi 573 ni kwa ajili ya mchanga wa kwatzi ulio ndani ya udongo, ambao hubadili ukubwa ghafla katika joto hilo, wakati wa kupanda na wakati wa kushuka pia. Ufa mwembamba wenye kingo kali, unaopita katikati ya tofali, mara nyingi umetokana na tanuri iliyofunguliwa mapema.

Wengi watatumia tanuri la matofali la jirani, lile la kupanga na kukandika kwa matope, na linafaa kabisa. Zungumza na mwenye tanuri kabla hajaanza kupanga. Vipande vyako vikae katikati, kozi ya tano hadi ya saba juu ya paa la midomo ya moto, vikizungukwa na matofali yake makavu, uso wa simba ukielekea juu na usiguswe na kitu. Karibu na midomo ya moto udongo huyeyuka na kupinda. Kwenye ngozi ya nje hubaki mbichi. Mwombe awashe moto mdogo wa moshi usiku mzima kabla ya moto mkubwa. Kisha ngoja tanuri lipoe lenyewe, hata likichukua wiki.

Tofali lililoiva hulia kama kengele ukiligonga kwa kucha. Linalotoa sauti ya debe bovu lina ufa ndani. Tafuta namba yake kwenye ramani na ufinyange jingine.

Rangi

Mafundi wa Babeli walichoma mara mbili: mara ya kwanza udongo mtupu, mara ya pili baada ya kupaka gilezi, yaani mchanganyiko unaoyeyuka na kuwa tabaka la kioo. Walichora kwanza mistari myeusi ya mpaka, ndipo wakajaza rangi kati yake, ili buluu isimwagikie simba. Buluu nzito ilitokana na kobalti, ya feruzi na shaba, na njano na risasi pamoja na antimoni.

Risasi na antimoni ni sumu. Shuleni usizitumie, hata kama mtu anakuuzia unga wake kwa bei rahisi. Ukiwa na tanuri ya umeme, nunua gilezi iliyotengenezwa kiwandani, isiyo na risasi, na uijaribu kwanza juu ya udongo wako. Gilezi isiyoafikiana na udongo hupasuka nyufa ndogo ndogo ikipoa. Vinginevyo tumia rangi ya maji ya ukutani, kisha vanishi ya maji yenye kung'aa, makoti mawili.

Fuata utaratibu wao. Panga vipande vyote juu ya ramani, vikigusana, na uchore mpaka mweusi kuzunguka simba. Kisha jaza. Uwanja ni buluu iliyoiva: kwa sehemu 12 za buluu ongeza kama sehemu 1 ya nyeusi, ujaribu pembeni kwanza. Simba ama ni mweupe mwenye manyoya ya njano, ama ni wa njano mwenye manyoya mekundu. Baadhi ya picha zitakuonyesha manyoya ya kijani. Koldewey aliona kuwa ni nyekundu iliyochakaa ardhini. Paka uso wa mbele peke yake. Rangi ikiingia pande za tofali, mota haitashika.

Kujenga

Ukuta wa Babeli ulifungwa kwa lami, na kati ya kozi kulitandikwa mikeka ya matete. Mafundi wa Uganda matete wanayajua vizuri. Nyumba ya lango la makaburi ya Kasubi, Bujjabukula, ni kazi ya matete. Lami ya moto usiichemshe na wanafunzi, inaunguza vibaya na haitoki kwenye ngozi. Tumia mota ya sehemu 1 ya saruji kwa sehemu 3 za mchanga uliochekechwa kwa wavu wa dirisha, na uitie weusi kwa oksaidi nyeusi ya sakafu, kijiko kimoja cha chakula kwa kikombe cha saruji. Itafanana na lami.

Simamisha plaiwudi ya milimita 18, sentimita 65 kwa 40, juu ya ubao wa kitako wenye upana wa sentimita 20, na uishikize kwa pembe za mbao nyuma. Pigilia waya wa kuku upande wa mbele ili mota ipate pa kushika. Panga kozi ya kwanza bila mota, uone jumla inatosha. Matofali usiyaloweke, rangi itavimba. Lowanisha nyuma na pande kwa brashi tu. Weka mota nyuma na chini, bonyeza tofali mpaka kiungo cha mbele kibaki milimita moja, pima kwa pima maji na uzi. Futa papo hapo kwa kitambaa chenye unyevu. Mota iliyokauka juu ya buluu haitoki bila kuondoka na buluu.

Jenga kozi nne tu kwa siku. Ukizidisha, uzito utazikamua kozi za chini na mstari wa mgongo utaanza kuyumba. Baada ya kozi ya tatu simama mbali hatua tano uangalie miguu: ikiwa mguu mmoja umekatika ngazi kwenye kiungo, ng'oa sasa hivi. Kosa la milimita mbili chini linakuwa kosa la milimita nane kichwani, kwa sababu kila kozi inajengwa juu ya upotovu wa ile iliyotangulia.

Lango dogo la kuwekwa kando

Kwa 1:50 sehemu ya mbele ya lango inakuwa na kimo cha sentimita 28. Tumia katoni ngumu au plaiwudi ya milimita 4. Minara miwili ya mraba itokeze mbele ya mlango, upinde kati yake uwe wa nusu duara, na juu ya kuta kuwe na meno ya ngazi. Nyuma yake lazima pawe na lango la pili, refu na nene kuliko la mbele, kwa maana Lango la Ishtar lilikuwa malango mawili yaliyofuatana. Lile la nyuma halikujengwa Berlin, ndiyo sababu vielelezo vingi vinaonyesha la mbele peke yake.

Kitako kifanye kama sanduku la sentimita 20 kwenda chini, ubavu mmoja ukiwa wazi. Ndani yake endeleza kuta za lango kwa rangi ya udongo mtupu, zikiwa na fahali na majoka yasiyo na gilezi. Nebukadneza aliinua usawa wa njia zaidi ya mara moja, na kila mara sehemu ya chini ilifukiwa na ya juu ikajengwa upya: kwanza wanyama wa kutokeza bila rangi, kisha wa gilezi kwenye matofali bapa, mwishowe wa gilezi wanaotokeza. Zile kuta za chini ndizo Koldewey alizozikuta zimesimama, na bado zipo Babeli hadi leo.

Paneli ya simba na lango visisafirishwe siku ileile mota ilipomalizika. Ngoja siku saba, ukinyunyizia viungo maji asubuhi na jioni kwa siku tatu za kwanza. Ibebwe ikiwa wima, watu wawili, mikono ikishika ubao wa kitako na siyo plaiwudi ya nyuma, na kwenye gari isimame juu ya godoro ikiegemea upande wa plaiwudi. Bodaboda haifai. Vipande viwili vitatu vya akiba na kichupa cha buluu ileile viende pamoja nayo.